Je, Wajua? Mwanamke Aliyeshika Mkasi wa Herzog

Je, wajua kwamba mhariri Beate Mainka-Jellinghaus alianza kazi na mwongozaji wa filamu Werner Herzog kwa kutupa mkanda wake kwenye pipa la taka? Filamu ilikuwa Lebenszeichen, iliyopigwa katika kisiwa cha Kos, Ugiriki, na kutolewa mwaka 1968. Ilikuwa filamu ndefu ya kwanza ya Herzog. Mkanda wa kwanza ulifika mezani ukiwa umeviringishwa kinyume, mwisho ukiwa mbele. Mhariri mwingine angeurudisha kwanza ndipo autazame. Beate aliupachika vilevile, akauendesha kinyumenyume kwa kasi, akautazama mpaka ukaisha, kisha akautia wote pipani. Akasema ni mbaya mno, hataugusa tena. Herzog alikuwa bado kijana wa miaka ishirini na kitu, na mkanda ule ulikuwa jasho lake. Baada ya wiki kadhaa, alipoutazama tena pamoja na mikanda mingine, akakubali kwamba mhariri wake alisema kweli. Kisa hiki anakisimulia Herzog mwenyewe, tena kwa heshima kubwa.

Wajua filamu hiyo iliishia wapi? Ilipata Dubu wa Fedha kwenye tamasha la Berlin mwaka uleule wa 1968.

Je, wajua kwamba mwanamke huyu ndiye aliyehariri filamu iliyopigwa kwetu, kuhusu madaktari wanaoruka kwa ndege kutoka Nairobi? Tutafika huko, na tutakaa kidogo. Kwanza tumjue mwenyewe.

Kabla ya Herzog palikuwa na Alexander Kluge. Tarehe 28 Februari 1962, katika mji wa Oberhausen, watengenezaji filamu 26 wa Ujerumani Magharibi walitia sahihi tamko lililosema kwamba sinema ya zamani imekufa na wao wanaiamini mpya. Kluge alikuwa mmoja wao. Alikuwa mwanasheria aliyehamia kwenye sinema. Filamu yake ndefu ya kwanza, Abschied von gestern ya mwaka 1966, inamfuata Anita G., binti wa Kiyahudi anayevuka kutoka Ujerumani Mashariki kwenda Magharibi na kukosa pa kutia mguu. Aliyeigiza Anita ni Alexandra Kluge, dada wa mwongozaji. Mhariri ni Beate. Filamu ikapewa tuzo maalumu ya majaji huko Venice. Miaka miwili baadaye wawili hao walirudi Venice na filamu ya sarakasi, Die Artisten in der Zirkuskuppel: ratlos, na safari hii wakaondoka na tuzo kuu yenyewe, Simba wa Dhahabu.

Je, wajua kwa nini filamu za Kluge ni mtihani kwa mhariri yeyote? Kwa sababu hazina hadithi moja inayokokota mtazamaji kutoka mwanzo hadi mwisho. Katikati ya mazungumzo inaingia picha ya zamani, mara maandishi yanajaa skrini, mara unaona habari halisi za mitaani, kisha waigizaji wanarudi kana kwamba hakuna kilichotokea. Kluge aliamini kwamba picha mbili zikikutanishwa, maana ya tatu inazaliwa kichwani mwa mtazamaji, maana ambayo haimo katika picha hata moja kati ya hizo mbili. Ni rahisi kuyasema hayo ukumbini. Lakini lazima pawe na mtu wa kukaa mezani akaamua ni wapi hasa picha ya kwanza ikatwe ili ya pili iwake. Kwa miaka mingi mtu huyo alikuwa Beate.

Wajua meza yenyewe ilivyokuwa? Wakati ule wahariri wengi wa Ujerumani walifanyia kazi meza ya Steenbeck, iliyotengenezwa Hamburg. Ni meza bapa yenye sahani za chuma zinazozunguka: mkanda wa picha umelala kwenye sahani moja, mkanda wa sauti kwenye nyingine, na yote miwili inapita katikati mbele ya kioo kidogo. Mhariri amevaa glavu nyembamba za pamba, maana alama ya kidole huharibu. Akiona mahali pa kukata, anaweka alama kwa kalamu ya nta, anakata, anaunganisha kwa utepe mwembamba unaong'aa. Vipande vilivyoondolewa vinaning'inizwa kwenye vijiti vyenye ncha juu ya pipa lililotandikwa kitambaa, vikisubiri. Huenda vikarudi, huenda visirudi. Hakuna kitufe cha kutengua. Ukitaka kujua kama umekosea, unabandua utepe na kuanza upya.

Sekunde moja ni fremu 24. Filamu ya dakika 94 ina fremu zaidi ya 135,000, na mkanda wake wa milimita 35 ukinyooshwa unapita kilomita mbili na nusu. Hiyo ni filamu iliyokwisha. Mhariri hupitia yote iliyopigwa, si iliyobaki tu.

Je, wajua kwamba filamu moja ya Herzog ilikaribia kutomfikia Beate kabisa? Aguirre, der Zorn Gottes ya mwaka 1972 ilipigwa kwenye misitu na mito ya Peru. Negativu zilizokwisha kupigwa zilipelekwa Lima ili zisafirishwe, na kwenye karatasi ilionekana zimeshaondoka. Hazikufika. Waigizaji na wafanyakazi walikuwa bado mtoni wakiendelea na kazi, Herzog akiwa ameificha habari hiyo asiwavunje moyo. Ndugu yake, Lucki, ndiye aliyezikuta uwanja wa ndege wa Lima, zimetupwa nyuma ya uzio, zikichomwa na jua. Shughuli ya usafirishaji ilikuwa imemalizwa kwa hongo na mihuri. Laiti zingebaki pale siku chache zaidi, leo tusingekuwa na filamu ambayo wengi huiweka miongoni mwa bora za karne ya 20.

Na sauti ya mwigizaji Klaus Kinski katika Aguirre ya Kijerumani? Si yake. Filamu ilipigwa kwa Kiingereza, na sauti zote zikaingizwa upya baadaye. Kinski alidai pesa nyingi mno kwa kazi hiyo, ikabidi mwigizaji mwingine, Gerd Martienzen, akalishe maneno midomo ya Kinski. Mtazamaji anamwona mtu mmoja akimsikia mwingine, na hashtuki. Hiyo ni kazi ya mezani.

Je, wajua Beate alikuwa na tabia gani kazini? Herzog anasema alikuwa mkali, hana maneno ya kupaka mafuta. Alilalamikia karibu kila alicholetewa. Filamu zilipozinduliwa alikataa kwenda kuzitazama, kwa kuwa aliziona mbovu. Moja tu aliikubali: Auch Zwerge haben klein angefangen ya mwaka 1970, iliyopigwa katika kisiwa cha Lanzarote, ambayo waigizaji wake wote ni watu wa kimo kifupi. Ni filamu ya uasi, vurugu na vicheko visivyokoma, iliyowatia watu wengi kinyongo wakati ule. Huyo mhariri asiyesifu kitu akaipenda hiyo.

Mimi naona hapo ndipo siri ya kazi yake ilipo. Mwongozaji akitoka porini anarudi na kumbukumbu: anajua shoti ipi iligharimu homa, ipi ilipigwa mvua ikinyesha, ipi ilikaribia kumtoa mtu roho. Kwake kila kipande kina thamani ya mateso yake. Mhariri hakuwapo. Anaona kilichomo kwenye fremu tu. Beate alikuwa na jicho la kupima kipande papo hapo, na kwa maelezo ya Herzog hakukutana na mwingine mwenye jicho kama lile. Amesema wazi kwamba bila yeye asingekuwa alivyo.

Sasa twende Afrika Mashariki.

Je, wajua kwamba mwishoni mwa miaka ya 1960 Herzog alikuja kwetu na kamera, na kwamba alichopiga kilikwenda kukatwa na Beate? Matokeo yake ni Die fliegenden Ärzte von Ostafrika, yaani Madaktari Warukao wa Afrika Mashariki, filamu ya dakika zipatazo 45. Inahusu shirika lililoanzishwa mwaka 1957 na madaktari watatu wa upasuaji, Michael Wood, Archibald McIndoe na Thomas Rees, na ambalo leo twalijua kwa jina la Amref. Ndege ndogo zilitoka Nairobi kwenda kwenye zahanati za mbali, redio zikiunganisha vituo ambako barabara ilikuwa ya msimu. Hata leo ndege za shirika hilo zina makao yake uwanja wa Wilson, Nairobi.

Herzog mwenyewe haiiti filamu. Anaiita ripoti, kazi aliyoifanya kama hisani kwa madaktari. Lakini ndani yake mna sehemu moja ambayo kila anayeijadili huishia hapo.

Wahudumu wa afya walikuwa wakitumia mabango kufundisha kinga. Bango moja lilikuwa na nzi mkubwa, la kuonya juu ya ugonjwa wa macho. Watu walilitazama wakasema: hapa kwetu hatuna shida hiyo, nzi wetu ni wadogo. Herzog akataka kujua zaidi. Yakatundikwa mabango kadhaa, moja likiwa kichwa chini miguu juu, na wanakijiji wakaulizwa ni lipi limegeuzwa. Wengi hawakuweza kulitambua. Wakaonyeshwa picha ya jicho la mtu, limechorwa kubwa na peke yake. Wengi hawakuona jicho.

Kuna watazamaji wa Ulaya waliocheka hapo, na kuna waliosikitika. Sioni sababu ya kimojawapo. Aliyeshindwa pale ni bango. Jicho lisilo na uso, nzi mwenye ukubwa wa mbuzi, mambo hayo yana maana kwa mtu aliyefundishwa tangu utotoni kwamba karatasi bapa inaweza kusimama badala ya kitu na kwamba ukubwa wa mchoro si ukubwa wa kitu. Jibu la nzi lilikuwa sahihi kabisa kwa mtu aliyeulizwa kuhusu nzi wale wakubwa. Mganga anayetaka kueleweka ndiye mwenye wajibu wa kutafuta namna ya kusema.

Na tazama alivyofanya mhariri. Filamu ya msaada, ya kuwashukuru madaktari, ingeweza kuliacha tukio hilo nje bila hasara yoyote. Ndege, upasuaji na redio zingetosha kujaza dakika 45. Likabaki, tena likapewa muda wake. Matokeo yake ni kwamba filamu iliyoanza kama sifa kwa watoa msaada inageuka kuuliza kama wao wenyewe wamewaelewa wanaowasaidia. Swali lilelile linarudi kwenye zahanati ya kwenye gari, ambako sakafu ilikuwa juu kidogo ya ardhi na watu walisita kupanda vidaraja vichache vya kuingilia. Dawa zimo ndani, daktari yumo ndani, na shida ni ngazi.

Ningetamani tu tungewasikia zaidi wagonjwa wakisema kwa vinywa vyao, maana simulizi ya Kijerumani inawatangulia kila mara. Hilo ni pengo, na mkasi hauwezi kuziba ambacho kamera haikuchukua.

Je, wajua kwamba katika safari zilezile za Afrika ilizaliwa filamu nyingine, isiyofanana na ripoti hata kidogo? Inaitwa Fata Morgana, ilionyeshwa Cannes mwaka 1971. Herzog alikwenda akiwa na wazo la hadithi ya viumbe kutoka galaksi ya Andromeda wanaofika duniani na kupiga picha za wanachokiona. Wazo hilo likafa jangwani. Njiani Herzog na wenzake walikamatwa Kameruni na kutiwa ndani, wakaugua. Wakarudi Ulaya na mikanda ya Sahara: mchanga, mabaki ya magari na ndege, mizoga, watu wakitazama kamera, na mazigazi yanayotetemeka upeoni. Hakuna hadithi. Hakuna mhusika. Mpe mhariri wa kawaida mzigo huo uone atakavyoutazama.

Ilichukua muda, lakini mezani ikapatikana filamu ya sehemu tatu: Uumbaji, Peponi na Zama za Dhahabu. Juu ya picha za uumbaji inasikika sauti ya Lotte Eisner, mwanahistoria wa sinema aliyelazimika kuikimbia Ujerumani ya Hitler, akisoma kutoka Popol Vuh, kitabu kitakatifu cha Wamaya. Mchanga wa Afrika, maneno ya Amerika ya Kati, sauti ya kikongwe wa Berlin aliyehamia Paris. Kwenye karatasi havipatani. Kwenye skrini vinakaa pamoja kana kwamba vilizaliwa siku moja.

Wajua filamu hiyo inavyoanza? Kwa ndege inayotua Munich. Inakatwa, inatua ndege nyingine. Inakatwa, nyingine tena. Mara nane. Hazikuwekwa ovyo: zilipigwa siku moja, na kadiri jua lilivyopanda ndivyo hewa juu ya lami ilivyozidi kuchemka, picha ikazidi kuyeyuka, hata ndege za mwisho zinaonekana kama zinaogelea. Herzog alisema kwamba mtazamaji atakayekuwa bado kitini wakati wa ndege ya sita au ya saba atabaki hadi mwisho. Ni uamuzi wa ujasiri. Wahariri wengi wangeacha ndege mbili, tatu zikizidi. Kwa ndege tatu ungeona uwanja wa ndege. Ukifika ya nane, hujui tena kama unachokiona kipo.

Na lile basi? Jangwani timu iliona basi mbali likisimama na watu wakizunguka. Wakakimbilia huko wakitamani maji baridi. Hapakuwa na kitu, hata alama ya tairi. Kamera ilikuwa imelipiga, na limo ndani ya filamu.

Je, wajua kwamba Land des Schweigens und der Dunkelheit ya mwaka 1971 ilitengenezwa na watu watatu? Jörg Schmidt-Reitwein alishika kamera, Herzog alirekodi sauti, Beate alihariri. Basi. Inamfuata Fini Straubinger, mwanamke kiziwi na asiyeona, anapowatembelea wenzake na kuzungumza nao kwa kugonga alama kwenye viganja vyao.

Karibu na mwisho yupo mwanamume asiyesikia wala kuona ambaye aliishi kwa muda zizini pamoja na ng'ombe kwa kukosa wa kumjali. Wengine wamekaa bustanini wanazungumza. Yeye anainuka, anaondoka kundini polepole, anakwenda mpaka anagusana na mti. Anaupapasa: tawi, tawi lingine, shina. Kamera inakwenda naye na picha haikatwi. Kuna shinikizo kubwa, mtu akiwa na mkasi mkononi, la kukatiza hapo, kuleta uso wa mwingine, kueleza. Mhariri yule yule aliyetupa mkanda mzima pipani aliacha huu upite wote.

Herzog alikiri baadaye kwamba kumbukumbu ya wanaoruka kwa skii, ambayo Fini anaisimulia mwanzoni, aliiandika yeye. Ni vigumu kuing'amua kwa kuitazama filamu tu.

Je, wajua kwamba ndoto za Kaspar Hauser zilitoka Burma? Filamu ya mwaka 1974, Jeder für sich und Gott gegen alle, inasimulia habari za kijana aliyetokea Nuremberg mwaka 1828, akiwa amelelewa gizani bila kujua kusema. Aliyeigiza ni Bruno S., mtu wa Berlin aliyekulia kwenye taasisi na hakuwa mwigizaji. Kaspar anaota bonde lenye mahekalu mengi. Picha hizo alizipiga Lucki, ndugu yake Herzog, kwa kamera ndogo ya Super 8 alipokuwa safarini Burma. Herzog alimwomba mkanda, akauangaza kwenye kitambaa kinachopitisha nuru, akaupiga tena upande wa pili kwa kamera kubwa. Ndiyo maana picha inapepesa, chembe zake zimevimba, na rangi haina kwao. Ilimfikia mhariri ikiwa tayari ni ndoto. Kwa filamu hiyo Beate alipata Utepe wa Dhahabu wa uhariri katika tuzo za filamu za Ujerumani mwaka 1975.

Cannes nako ilipata tuzo kubwa ya majaji.

Wajua La Soufrière? Mwaka 1976 wataalamu walisema mlima wa volkano wa kisiwa cha Guadeloupe utalipuka. Maelfu kwa maelfu wakahamishwa. Herzog akaenda na wapiga picha wawili kumtafuta mtu aliyekataa kuondoka. Walimkuta amelala chini ya mti na paka wake. Wakapiga mji mtupu, taa za barabarani zikiendelea kubadilika rangi bila gari. Mlima haukulipuka. Mhariri akakabidhiwa filamu kuhusu balaa ambalo halikutokea, na akaifanya iwe ya nusu saa isiyokupa nafasi ya kupumua.

Je, wajua filamu iliyokatwa kwa siku nne? Woyzeck ya mwaka 1979. Nosferatu, filamu nyingine ya Herzog, ilikuwa ndiyo kwanza imekwisha kupigwa. Siku tano baadaye, Herzog, Kinski na timu ileile wakaanza nyingine, wakaipiga kwa siku 18 huko Telč, Chekoslovakia ya wakati ule. Uhariri: siku nne. Iliwezekana kwa kuwa matukio mengi yalipigwa kwa shoti moja ndefu, kamera imetulia, na kulikuwa na machache ya kuchagua. Nosferatu nayo ilikuwa na matoleo mawili, la Kijerumani na la Kiingereza, baadhi ya mazungumzo yamepigwa mara mbili, kwa hiyo mhariri alikuwa na filamu mbili za kulinganisha.

Na kuku? Stroszek ya mwaka 1977 inaishia Cherokee, North Carolina. Bruno S. amepanda kiti cha kamba za angani akiwa na bunduki, lori lake linazunguka lenyewe huku likiwaka moto, na kwenye kibanda cha burudani kuku anacheza juu ya sahani inayozunguka kwa sarafu iliyotumbukizwa. Timu ilimwona kuku huyo ni upuuzi na aibu. Herzog alimng'ang'ania. Filamu inamwachia kuku dakika za mwisho, harmonika ya Sonny Terry ikipuliza, anacheza na kucheza hata unasahau ulikuja kutazama nini. Nimeitazama mara nyingi na sijaona mahali ambapo ingefaa kuikata mapema zaidi.

Je, wajua kwamba vuli ya mwaka 1977 ilimrudisha Beate kwa Kluge, na kwamba Mogadishu imo katika hadithi hiyo? Oktoba mwaka huo ndege ya Lufthansa iitwayo Landshut ilitekwa nyara na kufikishwa Mogadishu, ambako askari wa Ujerumani waliivamia usiku wa kuamkia tarehe 18 na kuwaokoa abiria. Usiku huohuo viongozi watatu wa RAF, kundi la siasa kali za mrengo wa kushoto, waliokuwa wamefungwa Stammheim walikufa. Kisha kiongozi wa chama cha waajiri, Hanns Martin Schleyer, aliyekuwa ametekwa, akakutwa ameuawa. Waongozaji kadhaa, wakiwamo Kluge, Fassbinder na Schlöndorff, walikusanyika na kutengeneza Deutschland im Herbst kwa haraka, ikaonyeshwa Berlin mapema mwaka 1978. Inaanza na mazishi ya Schleyer, inaisha na mazishi ya wale watatu. Katikati mna Fassbinder akigombana na mama yake mzazi juu ya demokrasia. Wahariri walikuwa kadhaa: Beate alikuwa mmoja wao, na Juliane Lorenz, aliyehariri kwa ajili ya Fassbinder mpaka kifo chake mwaka 1982, alikuwa mwingine. Majina ya waongozaji yanatajwa kila filamu hiyo inapozungumzwa. Ya wanawake waliokaa mezani usiku kucha ili vipande vya watu wengi wasiokubaliana viwe kitu kimoja, mara chache.

Wajua kwamba Mick Jagger aliigiza katika Fitzcarraldo, na humwoni? Alikuwamo katika awamu ya kwanza, pamoja na Jason Robards. Robards akaugua tumbo vibaya, kazi ikasimama ikiwa imefika kama asilimia 40, na Jagger akalazimika kurudi kwenye muziki. Herzog akaanza upya na Kinski, na nafasi ya Jagger akaifuta kabisa. Vipande vilivyosalia vimo katika filamu ya Les Blank, Burden of Dreams. Fitzcarraldo yenyewe, yenye meli ya zaidi ya tani 300 inayovutwa kupandishwa mlima, ilimpa Herzog tuzo ya mwongozaji bora Cannes mwaka 1982. Kwa Beate ilikuwa ni saa nyingi za mikanda ya matope, kamba na watu wakivuta, azipunguze hadi meli ionekane inapanda kweli, hatua kwa hatua, bila mtazamaji kuchoka wala kudanganywa.

Mwaka 1984 ikaja Wo die grünen Ameisen träumen, iliyopigwa Australia, kuhusu Wenyeji wa Asili wanaozuia kampuni ya madini isichimbue ardhi yao takatifu. Mahakamani anasimama mzee mmoja anayeitwa Bubu. Anazungumza kwa kirefu na hakuna mkalimani anayeweza kumtafsiri, kwa sababu yeye ndiye wa mwisho kuijua lugha yake. Hotuba imeachwa ndani ya filamu, haina maandishi ya tafsiri.

Hiyo ikawa filamu ndefu ya mwisho ya Herzog kukatwa na Beate. Iliyofuata, Cobra Verde ya mwaka 1987, ambayo sehemu yake kubwa ilipigwa Ghana, ilihaririwa na Maximiliane Mainka.